Beji ya Ermintha: Mgeni Ala Sahani ya Wazazi

Mlango tuliouacha ukilia bawaba Ijumaa iliyopita sasa umefunguka wote, na aliyekuwa nyuma yake si mwizi, si mzimu, wala si hawara wa mtu.

Ni Delbert Hutchings, fundi bomba mstaafu kutoka Kanada. Ameketi kwenye kiti cha marehemu, leso shingoni, paja la kuku mkononi.

"Ingia, ingia," akamwambia Ermintha. "Kuku mtamu huyu. Ila mpishi wenu amesahau chumvi."

Ermintha Cudjoe akashika fremu ya mlango. Hakuna aliyesahau chumvi. Wafu hawali chumvi.

Mezani palikuwa na kitambaa cheupe, mshumaa, glasi ya maji, glasi ya ramu, na sahani ya wazazi, chakula cha wafu wa ukoo, ile ambayo kisiwani Carriacou hata paka huizunguka kwa mbali. Shangazi Clotilda aliipika kwa mikono yake, kwa sababu mama yake, aliyekufa miaka kumi na tisa iliyopita, alimjia ndotoni mara tatu akilalamika njaa. Saraka yote ile, karamu ya kuwalisha wafu na walio hai, mbuzi wawili, ngoma, majirani wa kijiji cha L'Esterre na watoto wao, ilikuwa kwa ajili ya sahani moja hiyo.

Sasa sahani ilikuwa na mifupa. Glasi ya ramu nayo ilikuwa tupu.

"Bwana Delbert," Ermintha akasema taratibu, kama anayezungumza na mtoto aliyeshika kisu, "nani alikuambia uingie humu?"

"Wewe."

"Mimi?"

"Wewe mwenyewe, pale getini. Ulisema kwenye ua huu hakuna mgeni anayenyimwa chakula, ukikuta sahani kaa ule. Nimekuta sahani. Nimekaa. Nimekula."

Na ni kweli alisema. Kwenye saraka hata anayejipitia njia huitwa akala, na asiyekula ndiye anayesemwa. Tangu asubuhi Ermintha alikuwa amewaonya wageni wake watatu juu ya kila kitu kinachoua kisiwani. Msiguse ule mti uliopakwa mstari mwekundu, tufaha lake ni sumu, hata mvua ikidondoka kutoka kwenye majani yake inababua ngozi. Msikanyage vile vidude vya miiba kwenye maji ya kina kifupi. Vaeni kofia. Kunyweni maji. Lakini juu ya sahani ya wazazi hakutamka neno, kwa sababu tangu azaliwe hakuwahi kukutana na mtu anayehitaji kuambiwa. Nani anamkumbusha mgeni asilale juu ya jeneza?

Na kosa hilo lingemgharimu. Leo ilikuwa siku yake ya majaribio. Awafikishe wageni wote watatu gatini Hillsborough kabla ya boti ya saa tisa na nusu, wazima na wenye furaha, apewe beji ya mwongozaji wa watalii. Akishindwa, arudi kufua mashuka ya nyumba za wageni, kazi iliyomlelea watoto watatu na kumwachia mgongo wa bibi kizee akiwa na miaka thelathini na nane.

Tena mmoja wa wageni hao alikuwa mkaguzi wa siri. Ermintha hakuwa na shaka ni nani. Ni Bi Hyacinth Prudhomme, mwanamke mkavu mwenye miwani aliyevuka bahari kutoka St George's, ambaye tangu asubuhi alikuwa akiandika kwenye daftari, hata kobe alipokatiza barabara.

Saa ilikuwa saba kasoro dakika kumi.

"Tema," Ermintha akasema.

"Nini?"

"Hicho kilichomo mdomoni."

Delbert akameza.

Hapo ndipo ngoma za uani ziliponyamaza, zote kwa mpigo, kama zimekatwa shingo. Shangazi Clotilda alikuwa mlangoni. Miaka sabini na minane, kilemba cha miraba, chupa ya ramu kwapani. Ile ramu kali ya kwetu ambayo hata barafu ukiitia inazama.

Akaitazama meza. Akamtazama Delbert. Akaitazama tena meza.

"Nani huyu anayekula na mama yangu?"

"Shangazi, ni mgeni. Hakujua."

"Ana macho?"

"Anayo."

"Ameona mshumaa?"

"Nilidhani umeme umekatika," Delbert akasema.

Mkewe akajipenyeza. Noreen Hutchings alikuwa mwanamke mnene mwenye kofia kubwa, ambaye tangu ashuke kwenye boti alikuwa amelalamikia jua, vumbi, mbu, kiti cha gari na ladha ya maji. "Delbert! Umekula mikate miwili ya samaki saa nne! Una nini tumboni, shimo?"

"Mama," Delbert akamwambia Shangazi, mkono mfukoni, "mimi si mtu wa matatizo. Niambie ni kiasi gani, nalipa sasa hivi."

Mungu wangu. Ermintha akafumba macho.

"Utalipa?" Shangazi akauliza kwa sauti ndogo. "Mama yangu anauza chakula? Umeona bango hapo nje?"

Akageuka, akatoka, akafunga geti la ua kwa mnyororo na kufuli. Ufunguo akautumbukiza kifuani, mahali ambapo hakuna mwanaume wa kisiwani amewahi kuthubutu kutafuta kitu.

"Sikilizeni wote," akatangaza. "Meza imevunjwa, itatandikwa upya. Aliyeivunja atapiga magoti, ngoma ya radhi itapigwa, mama atajibu. Baada ya hapo mnaweza kwenda hata mwezini."

"Shangazi, boti ya saa tisa na nusu..."

"Boti itakuja na kesho. Mama yangu akikasirika leo, hiyo kesho yenyewe haiji."

Msomaji, ungefanyaje? Ermintha alifanya ambacho mama yeyote mwenye haraka angefanya. Alikimbilia sufuria kubwa ya wageni, akachagua paja zuri, akalipangusa mchuzi kwa sketi yake, akaliweka juu ya wali, akaingia nalo chumbani akitabasamu.

Shangazi hata hakuonja. Alinusa tu.

"Chumvi," akasema. "Na kitunguu saumu. Ermintha, unamdanganya bibi yako? Aliyekuogesha?"

"Nilikuwa naokoa muda."

"Muda wa nani?"

Ermintha akalirudisha paja sufuriani. Alimpenda bibi yake. Lakini bibi yake alikuwa amekufa, na karo ya watoto ilikuwa hai.

Basi ikabidi apatikane kuku mwingine. Tatizo ni kwamba kuku wote wa ua ule walikuwa wameshaingia sufuriani, isipokuwa jogoo mmoja mweupe, jeuri, aliyekuwa juu ya paa la jiko akiwatazama watu kama hakimu.

Wanaume wanne wakamwendea kwa ngazi. Jogoo akaruka. Vijana wakamzingira kwenye pipa la maji. Jogoo akapita katikati ya miguu yao. Delbert naye, kwa nia njema kabisa, akamrukia, akaangukia kwenye rundo la maganda ya nazi.

"Jamani!" Noreen akafoka. "Mnamfukuza au mnacheza naye? Shika hii."

Akamtupia Ermintha kofia. Akachutama chini ya ukuta, akatoa sauti fulani kooni ambayo si ya binadamu, na yule jogoo, naapa, akasimama kusikiliza. Mkono ukatoka kama nyoka. Shingo ikalia ko! mara moja tu.

Ua mzima ukaguna.

"Nimekulia shambani," Noreen akasema, tayari ananyonyoa. "Ndugu tisa. Jumapili nilikuwa nachinja kumi na wawili kabla ya kanisa. Kuna maji ya moto, au mnangoja Krismasi?"

Shangazi Clotilda akamtazama kwa mara ya kwanza kama mtu. "Huyu," akamwambia Ermintha, "ameolewa na nini?"

Kuku akaingia chunguni saa nane kasorobo. Wanawake wakapika wali mwingine, wakauviringisha kwenye kibuyu hadi ukawa mviringo kama mpira. Ermintha alikuwa akichochea moto aliposikia mtu akikohoa nyuma yake.

Bi Prudhomme. Daftari wazi, kalamu tayari.

"Bi Ermintha, nina swali moja. Uliwaambia wageni wasiingie chumba kile?"

Ermintha akaupima uongo, kama mtu anavyopima kiatu dukani. Ulimtosha sawasawa. *Niliwaambia, yule mzee hasikii vizuri.* Delbert ni mpole, asingebisha. Beji ingekuwa yake.

"Sikuwaambia," akasema.

"Kwa nini?"

"Niliona hakuna mtu asiyejua. Nimezaliwa mita mia kutoka hapa, Bi Prudhomme. Nilisahau kwamba kuna watu hawakuzaliwa hapa. Kosa langu, si lake. Naomba unipishe, moshi unakuja kwako."

Kalamu ikaandika. Ikaandika sana. Kisha ikapiga mstari chini ya kilichoandikwa, na Ermintha akahisi mstari ule ukipita shingoni mwake.

Saa nane na dakika arobaini meza ikatandikwa. Kitambaa kipya, maji mapya, ramu mpya, kuku asiye na chumvi. Delbert akaingizwa, amenawa uso, nywele zimechanwa na mkewe kwa mate. Noreen na Bi Prudhomme wakabakishwa uani, kwa sababu Shangazi alisema chumba kile kimeshaona wageni wa kutosha kwa leo.

"Ngoma," Shangazi akaagiza.

Kimya.

"Ngoma!"

Cuthbert Enoe, mpigaji wa ngoma ya katikati, ile inayozungumza, alikuwa ameegemea dirisha kwa nje, akijipepea kwa kofia.

Kama ndiyo kwanza unaanza nasi, Cuthbert ni huyu: ana gari jipya la wageni, meno mazuri, na jina lake lipo kwenye orodha ya waombaji wa beji, chini tu ya la Ermintha. Beji ni moja.

"Mikono imechoka, Tanti," akamwambia Shangazi.

"Cuthbert," Ermintha akasema, "usianze."

"Ngozi ya mbuzi ni ngumu, dada. Mtu amepiga tangu asubuhi. Labda nikipata faraja kidogo, nguvu itarudi."

"Faraja gani?"

Akaingia, akafunga mlango, akaionyesha kwa kidevu ile glasi ya maji mezani. "Weka mkono juu ya hiyo. Apa mbele ya bibi yako kwamba hutaivaa beji ya mwongozaji. Ukiapa tu, mimi hapa, napiga mpaka bibi aamke acheze."

"Mbwa wewe!"

"Mbwa mwenye gari."

Ermintha akamgeukia Shangazi. Shangazi alimtazama Cuthbert kama nzi aliyeangukia mchuzi, lakini akatikisa kichwa. Sheria hiyo sote tunaijua. Ngoma ya radhi haipigwi kwa amri. Ukimlazimisha mpigaji, unapata kelele, humpati marehemu.

"Apige mtu mwingine," Ermintha akasema.

"Nani? Waliobaki ni wa kusindikiza. Hakuna mwingine anayeijua," akasema Cuthbert. "Aliyeijua alikuwa baba yangu, na mwenyewe yuko upande ule wa meza, pamoja na wafu."

Delbert alikuwa anawatazama mmoja mmoja. "Kuna shida?" akauliza. "Kwa sababu yangu?"

Saa nane na dakika hamsini. Boti haingojei mtu. Bila ngoma, geti halifunguki. Geti lisipofunguka, wageni wanakosa boti, na beji inakwenda vilevile. Akiapa, beji inakwenda, lakini watu watatu wanafika kwao na bibi anakula. Njia zote mbili zilimpeleka kwenye mashuka. Moja tu ndiyo ilimpeleka akiwa na adabu.

Akaweka mkono juu ya glasi.

"Bibi, mimi Ermintha. Sitaivaa beji ya mwongozaji. Haya, Cuthbert, piga, na Mungu akupe upele na akunyime kucha."

Cuthbert akatoka nje akitabasamu. Ngoma ikaanza.

Mseme Cuthbert mtakavyo, lakini mikono ile imebarikiwa. Ngoma ilianza chini kabisa, kama mtu anayebisha hodi akijua amekosea. Wanawake wakaitika kwa wimbo. Shangazi akamwaga maji, akamwaga ramu, akamkandamiza Delbert bega hadi magoti yake yakalia.

"Sema."

"Niseme nini?"

"Ulichofanya. Yupo hapa."

Delbert akaitazama sahani. "Mama mkubwa," akasema. "Samahani. Nilidhani ni bufe."

Kuna aliyecheka uani akazibwa mdomo. Shangazi alikuwa ameinamisha kichwa upande mmoja, kama mtu anayesikiliza redio ya jirani. Ngoma ikapanda, ikapanda, ikakatika.

"Amesemaje?" Ermintha akanong'ona.

"Amesema jogoo mgumu." Shangazi akajifuta jasho. "Lakini atakula."

Ufunguo ukatoka kifuani.

Saa tisa na dakika kumi na mbili gari la Ermintha lilikuwa barabarani, likiteremka kama linafukuzwa. Delbert mbele, Noreen na Bi Prudhomme nyuma, na katikati yao Shangazi Clotilda, aliyepanda bila kualikwa. "Nataka kumwona huyu mtu akiondoka kisiwani kwa macho yangu mwenyewe," alisema. Nyuma yao lilikuja gari jipya la Cuthbert, tupu, likipiga honi za arusi.

Mbuzi wakaruka pembeni. Kofia ya Noreen ikapaa, ikaenda kutua kwenye kichaka cha miiba. "Iache!" Noreen akapiga kelele, akicheka. "Sijafurahi hivi tangu nizae!"

Ermintha hakucheka. Alikuwa akihesabu mashuka.

Saa tisa na dakika ishirini na nne wakafunga breki gatini. Boti ilikuwa bado imefungwa kamba. Delbert akashuka, akamkumbatia Ermintha, akataka kumkumbatia na Shangazi, akaonyeshwa ngumi, akapanda haraka.

Bi Prudhomme hakupanda. Alifungua mkoba, akatoa bahasha. Ndani ya bahasha mlikuwa na beji ya shaba, yenye picha ya kisiwa na nafasi ya jina.

"Nimekagua waongozaji kumi na mmoja mwaka huu," akasema. "Kila mmoja kuna jambo lilimharibikia. Na kila mmoja alisema ni kosa la mgeni. Wewe peke yako ndiye uliyesema 'kosa langu', na ulijua ninaandika. Pokea."

Ermintha akaitazama. Ilikuwa ndogo. Ilikuwa inang'aa. Mikono yake ikabaki ubavuni kama ya mtu aliyefungwa.

"Chukua, dada!" Noreen akapiga kelele kutoka juu ya boti.

"Siwezi."

"Huwezi?"

"Nimeapa mbele ya bibi yangu."

Cuthbert alikuwa ameshafika, amevua kofia, ananukia manukato. "Ni kweli, Bi Mkaguzi. Mimi ni shahidi. Na jina linalofuata kwenye orodha, bila kujisifu, ni langu."

Bi Prudhomme akamtazama Cuthbert. Akamtazama Ermintha. Akatoa fomu, uso hauonyeshi lolote. "Kama unakataa, kataa kwa maandishi. Saini hapa. Na huu mstari wa mwisho ni haki ya anayekataa: andika jina la mtu unayeona apimwe badala yako. Ukiuacha wazi, nafuata orodha."

"Auache wazi tu," Cuthbert akasema. "Boti inaondoka."

Honi ikalia. Mabaharia wakaanza kufungua kamba.

Ermintha akachukua kalamu. Akasaini kukataa. Kisha akainamia ule mstari wa mwisho, akaandika kwa herufi kubwa, akabonyeza hadi karatasi ikatoboka.

Bi Prudhomme akasoma. Akavua miwani, akaifuta, akasoma tena, safari hii kwa sauti.

"Clotilda Cudjoe. Umri, miaka sabini na minane."

"Nini?" Cuthbert akaropoka. "Huyu kikongwe? Huyu anawachukia wageni!"

"Fomu haina umri wa mwisho," Ermintha akasema. "Wala haisemi lazima awapende. Yeye atavaa beji na kusema. Mimi nitaendesha gari. Niliapa kutovaa beji, sikuapa kutoendesha."

"Mwombaji mpya anapimwa upya," Bi Prudhomme akasema, tayari mguu mmoja uko kwenye ngazi ya boti. "Jumatatu saa mbili asubuhi. Kuna meli kubwa inatia nanga. Watu arobaini. Nitataka waone ngoma, tena ngoma yenyewe hasa, si ya kusindikiza. Wakiridhika, beji ni ya Bi Clotilda. Wasiporidhika, narudi kwenye orodha."

Ngazi ikavutwa. Maji yakapanuka kati ya boti na gati.

Shangazi Clotilda, aliyekuwa bado anamtikisia Delbert ngumi, akageuka. "Nimesikia jina langu. Kuna nini?"

Ermintha akamweleza. Alieleza haraka, akirudi nyuma hatua moja moja, kwa sababu anamjua shangazi yake. Lakini Shangazi hakumpiga. Alilamba meno, kisha akamwendea Cuthbert taratibu mpaka kilemba chake kikagusa vifungo vya shati la yule kijana.

"Cuthbert. Jumatatu utatupigia ngoma?"

"Niwapigie ninyi?" Cuthbert akacheka meno yote nje. "Tanti, labda niwe nimekufa!"

Shangazi Clotilda akampangusa vumbi begani, kwa upole ambao hakuna aliyewahi kuuona kwake.

"Hilo," akasema, "linapangika."